Fahamu: Kinamasi cha Ondiri ni nini?

Ondiri ni kinamasi kilichoko Kikuyu, kaunti ya Kiambu, magharibi mwa Nairobi. Ndicho chanzo cha Mto Nairobi, unaopita Dagoretti kabla ya kufika katikati ya jiji.

Kwa nini ardhi yake hutikisika?

Matete na nyasi zimesokotana kwa mizizi, zikafanya tabaka linaloelea juu ya maji. Ukilikanyaga, linabonyea na kutikisika kama godoro, na anayetumbukia anaweza asionekane tena. Chini yake, mimea iliyokufa haiozi upesi kwa kukosa oksijeni, hivyo mboji hurundikana kwa karne nyingi.

Ardhi ya namna hii imeenea zaidi kwenye misitu ya baridi ya Kanada, Urusi na Ufini. Kuipata karibu na ikweta, kando ya mji wenye magari na majumba, ni bahati kubwa.

Kuna faida gani?

Ardhi zenye mboji ni takriban asilimia 3 tu ya nchi kavu duniani, lakini zimehifadhi kaboni nyingi kuliko misitu yote. Zikikauka, kaboni hiyo hurudi hewani.

Nini kinaitishia Ondiri?

Kuvuta maji kwa pampu ili kumwagilia mashamba, majitaka, na mikaratusi inayonyonya maji. Wenyeji waliojiunga katika kundi la Friends of Ondiri wamekuwa wakipanda mianzi na miti ya asili kukizunguka. Kazi yao inastahili kuungwa mkono na kila anayeishi kando ya Mto Nairobi, kwani mto huo huanzia hapo.