Dalia na Shingo Yake

Wengi wetu tumeyaona maua ya dalia mbele ya nyumba za walimu, lakini ni wachache waliowahi kuchimba wakatazama kilichomo chini. Mimi nami sikupata kutazama mpaka siku nilipoharibu. (Dalia niisemayo hapa ni ua, si ile dalia ya manjano wanayojipaka wanawake wa pwani.)

Bibi yangu mzaa mama anakaa kilimani, karibu na mji wa Kabale. Alikuwa na shina moja la dalia, nyekundu iliyokolea hata kukaribia weusi. Maua yakiwapo, kila Jumapili alikata matatu akayaweka juu ya kaburi la babu. Mwaka juzi, mwezi wa Agosti, alikwenda Kampala kutibiwa macho, akakaa huko kwa mjomba. Aliniachia bustani na neno moja tu: "Mjukuu wangu, ile ya babu yako uiangalie."

Nikaona nimfurahishe, akirudi akute mashina 7 badala ya moja. Nikalifukua shina, nikavinyofoa viazi vyake kimoja kimoja, nikavipanda mstari mmoja kama tupandavyo viazi ulaya huku kwetu, nikavimwagilia maji asubuhi na jioni. Majuma 5 yakapita, kikachipuka kimoja. Nilipovifukua vile 6 vingine nilikuta vimeoza, vinanuka.

Nilimwendea mwalimu wetu wa elimu ya viumbe, naye akanieleza hivi. Kiazi ulaya si mzizi. Ni shina lililovimba chini ya ardhi, na macho yake yametapakaa mwili mzima, ndiyo maana ukikata kipande chenye jicho kinaota. Kiazi kitamu ni mzizi, lakini mzizi huo hujua kujitolea machipukizi. Kiazi cha dalia ni mzizi pia, ila hakiwezi kabisa kutoa chipukizi. Macho yake yote yapo shingoni, pale kiazi kinapoungana na shina la zamani. Ukikinyofoa bila shingo, hata kikiwa kinono namna gani, umezika chakula kisicho na mlaji. Ndivyo nilivyofanya mara 6. Na maji yale niliyoyamwaga kabla ya chipukizi kutokea yaliharakisha kuoza.

Nikamwuliza, je, siwezi kupanda mbegu? Akasema naweza, lakini sitalipata ua lile. Mimea mingi ina seti 2 za kromosomu. Dalia ya bustani ina 8, nazo huchanganyika hata watoto wa ua moja wakatoka kila mmoja na rangi yake. Basi ua likipotea shina lake, limepotea. Asili ya dalia ni Meksiko, nako ilitangazwa kuwa ua la taifa mwaka 1963. Ilifika Madrid mwaka 1789, na mwaka 1791 Cavanilles akaipa jina la Anders Dahl, mtaalamu wa mimea wa Sweden. Lakini wakati ule mawazo yangu hayakuwa Madrid. Yalikuwa kaburini kwa babu.

Likabaki lile chipukizi moja. Lilipokuwa na jozi 4 za majani nililikata kichwa, maana dalia ikikatwa hivyo hutoa matawi ya pembeni. Matawi yalipofika urefu wa kidole, nilikata 5 chini kidogo ya kifundo, nikaondoa majani ya chini, nikayachomeka katika kopo la mchanga wenye unyevu, kivulini. Baada ya majuma 3 matawi 4 yalikuwa na mizizi. Hiyo ndiyo njia ya kuongeza dalia bila kupoteza rangi yake.

Atakaye kugawa viazi, afanye hivi. Alifukue shina mwisho wa kiangazi, aliweke kivulini kwenye udongo wenye unyevu kidogo, angoje mpaka macho yavimbe yaonekane. Ndipo akate kwa kisu kikali, kila kiazi na shingo yake na jicho lake, apake majivu penye jeraha, aache siku 2 pakauke. Kwanza achomeke mti wa kuegemeza, kwani ukiuchomeka baadaye utatoboa kiazi. Shimo liwe la sentimita 15, kiazi kilazwe ubavu, jicho juu, na kati ya shimo na shimo iwe sentimita 60. Mahali pawe pa jua, maji yasipotuama. Samadi iwe ya zamani na isizidi, la sivyo utavuna majani. Konokono wasio na nyumba hutoka usiku kula machipukizi. Wafuate kwa tochi. Mmea wenye majani ya madoa ya manjano yaliyojikunja ung'oe uuchome, maana ni ugonjwa wa virusi, hauna dawa.

Bibi alirudi Februari. Alisimama mbele ya maua muda mrefu, akasema rangi anaiona vizuri sasa. Akakata matatu. Kisha akauliza viazi vingine viko wapi, nikamweleza yote. Hakunikemea. Aliniambia nilete jembe, akafukua udongo kidogo kando ya shina, akaniwekea kidole changu penye shingo.