Transiva za faiba: ulizeni kabla ya kulipa

Mkongo wa Taifa wa Mawasiliano, ulioanza kujengwa mwaka 2009, umefika hapa Sumbawanga. Lakini uzi wa kioo peke yake haubebi neno. Kila mwisho wake huchomekwa transiva, kifaa cha ukubwa wa kidole, kinachogeuza umeme kuwa mwanga na mwanga kuwa umeme.

Hapo ndipo fedha hupotea. Transiva ya nanomita 850 ni ya uzi wenye moyo mnene, ndani ya jengo. Ya 1310, aina ya kilomita 10, hutumia uzi wenye moyo mwembamba na yatosha kuvuka mji. Ya 1550 hufika hata kilomita 80, ila kwenye uzi mfupi usio na kipunguza mwanga yaweza kuunguza jicho la mwenzake.

Zipo zinazotuma na kupokea katika uzi mmoja. Hizo hununuliwa kwa jozi: hii itume 1310 na kupokea 1550, ile kinyume chake. Ukileta mbili zinazofanana, zote zitasema na hakuna itakayosikia. Tena, baadhi ya swichi hukataa transiva ya kiwanda kingine.

Kosa hilo Dar es Salaam hurekebishwa siku hiyohiyo. Kwetu Ufipa ni safari ya zaidi ya kilomita 1,000, na zahanati inasubiri.

Basi andikeni mambo matano: kasi, wimbi, umbali, aina ya uzi na aina ya swichi. Muuzaji aulizwe kabla ya kulipwa, si baada ya basi kuondoka.