Pevingi ya pembesita au ya mstatili? Piga hesabu kabla lori halijaja

Fedha za minada ya korosho zikishaingia, Nachingwea na Ruangwa husikika nyundo kila mtaa. Aliyekwisha kuezeka sasa anautazama uwanja wake: udongo mwekundu ule, mvua zikianza, utaingia hadi sebuleni. Basi anakwenda kuulizia pevingi, na anakuta za mstatili zimepangwa huku, na kule za pembesita, zile zinazofanana na masega ya nyuki.

Muuzaji atakutajia bei ya kipande. Bei hiyo haikusaidii kitu. Kipande cha mstatili cha sentimita 20 kwa 10 huingia 50 katika mita moja ya mraba; pembesita yenye ubavu wa sentimita 10 huingia 38 na nusu. Tuseme, kwa mfano tu, cha kwanza ni shilingi 400 na cha pili 500. Mita ya mraba itakuwa 20,000 kwa mstatili na 19,250 kwa pembesita. Kilichoonekana ghali ndicho nafuu.

Ila hapo hatujafika ukingoni, na ukingoni ndiko fedha zinakopotelea. Chukua uwanja wa mita 6 kwa 8. Mistatili ikipangwa kama matofali ya ukutani, utakata vipande 40 tu katikati, na nusu zote 80 zitatumika. Pembesita huacha meno pande mbili, kama 35 kila upande, na pande nyingine mbili zinadai nusunusu. Grainda itapita zaidi ya mara 100, na fundi hakati bure. Ukilazimika kuongeza asilimia 10 ya vipande kwa ajili ya kukata na kuvunjika, ile 19,250 inakuwa 21,175. Kuna mafundi wanaoziba meno hayo kwa zege la mkono. Ni rahisi, lakini utaliona kila ukitoka mlangoni. Uwanja ukiwa mkubwa, hasara hii humezwa. Kwenye kijia chembamba cha kwendea chooni, pembesita ni kutafuta gharama.

Mbona basi watu wanazipenda? Si urembo peke yake. Maumbo yenye pande na pembe sawa yanayoweza kufunika sakafu peke yake bila kuacha pengo ni matatu tu: pembetatu, mraba na pembesita. Pembetano hazikubali: zikutanishe tatu kwenye nukta moja, utapata nyuzi 324, na nyuzi 36 zinabaki tundu. Pembenane nazo zinahitaji viraba vidogo katikati yake, maana yake moldi mbili na bei mbili. Kati ya yale matatu, pembesita ndiyo yenye mzingo mfupi kwa eneo lilelile. Nyuki walikuwa wakijenga hivyo siku zote. Uthibitisho kamili kwamba hakuna namna nyingine ya kugawa eneo sawasawa kwa mipaka mifupi zaidi ulipatikana mwaka 1999, kwa Thomas Hales wa Marekani.

Uwanjani kwako faida hiyo inaonekana kwenye viungio. Kwa vipimo tulivyotaja, mita ya mraba ya mistatili ina mita 15 za viungio, ya pembesita 11 na nusu. Viungio ndipo mchanga unaposombwa na ndipo magugu yanapoota.

Umbo, hata hivyo, halipunguzi saruji. Pevingi ya unene wa sentimita 6, iwe ya umbo lolote, ina uzito wa kilo 140 hivi kwa mita ya mraba. Uwanja wetu ni tani karibu 7, na ukienda sentimita 8 unakaribia tani 9. Kwa hiyo kinachopandisha bei ya lori ni unene na umbali. Anayezimwaga Ruangwa mjini anaweza kumshinda wa Mtwara mwenye bei ndogo, mradi vipande vyake vimekomaa kwa kumwagiwa maji.

Mimi ningegawa. Getini, pikipiki na gari zinapokata kona, mistatili ya sentimita 8 iliyopangwa kwa mtindo wa mfupa wa samaki, kwa sababu hushikana gurudumu linaposukuma. Mbele ya baraza, penye miguu na viti tu, pembesita za sentimita 6. Na pale zinapokutana, mstari wa kingo za zege, ili yale meno yakatwe upande mmoja tu.