Aliyeaga Benki Akashika Brashi

Sungi Mlengeya alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1991. Hakupita chuo chochote cha sanaa. Shahada yake ni ya mambo ya fedha, aliyoisomea jijini Nairobi katika Chuo Kikuu cha Kikatoliki cha Afrika Mashariki, na baada ya hapo akaajiriwa benki, kama ambavyo wengi wetu tungemwombea binti yetu. Mwaka 2018 aliaga kazi hiyo akawa mchoraji wa kutwa. Miaka mitatu baadaye picha zake zilitundikwa katika jumba la sanaa la Afriart mjini Kampala, katika maonyesho yake peke yake yaliyoitwa Just Disruptions.

Twamwandika leo kwa kuwa jambo lake limo majumbani mwetu. Mama mmoja wa Mombasa, ambaye yeye na mumewe wamehamia Gatongora kule Ruiru, ametueleza kuwa binti yao amemaliza sekondari na alama zake zamruhusu kusomea uhasibu, lakini mtoto ataka kuchora. Baba amekataa. Mama yu katikati, na kila jioni chakula chaliwa kimyakimya.

Kabla ya kumjibu, na tuzitazame kazi zenyewe, maana mara nyingi twabishana juu ya uchoraji pasi na kuutazama mchoro.

Sungi huwachora wanawake weusi, wengi wao jamaa na marafiki zake, kwa rangi za akriliki juu ya turubai. Ngozi zao huzipaka weusi na hudhurungi kwa uangalifu mkubwa, hata shavu laonekana lina joto. Lakini nyuma yao hapana kitu. Hapana ukuta, dirisha, mti wala kiti. Pameachwa peupe. Nguo nazo aghalabu ni nyeupe, basi huyeyuka ndani ya weupe ule, na mtazamaji hubaki na uso, shingo, mikono na nyayo, kana kwamba vyaelea. Vazi hulijaza kwa akili yake mwenyewe.

Sisi tuliolelewa kwenye buibui, jambo hili latugusa kwa namna ya pekee. Vazi letu jeusi husitiri umbo, likauacha uso na viganja viseme. Huyu naye, kwa vazi jeupe, amefika mahali pasipo mbali na hapo, ingawa hakulikusudia hilo. Mwenyewe ameeleza kuwa hamu yake ni kumwonyesha mwanamke aliye huru na yale aliyopangiwa na watu. Ule weupe basi si uvivu wa mchoraji. Ukimwondolea mwanamke jiko, soko, mtoto mgongoni na macho ya majirani, habaki mtupu, abaki yeye. Ni picha ngapi za mwanamke wa Kiafrika tulizoziona zisizokuwa na mtungi kichwani?

Umaarufu ulimjia upesi. Mwaka 2022 kazi zake zilionyeshwa London katika jengo la Africa Centre, na mwishoni mwa mwaka huo huo zikawamo katika maonyesho makubwa ya jumba la Zeitz MOCAA, Cape Town, yaliyokusanya karne nzima ya picha za watu weusi zilizochorwa na weusi wenyewe. Twataja haya ili baba wa Gatongora ajue kwamba kazi hii ina milango, japo si kila abishaye hufunguliwa.

Lipo suala la dini, nasi hatulipiti kando. Wanavyuoni wamehitilafiana juu ya kuchora viumbe wenye roho, na familia inayotaka kufuata njia ya tahadhari yapaswa kumwendea shekhe wake, si jarida hili. Ila na ikumbukwe kwamba mkono wa mchoraji hauishi kwenye sura za watu. Milango ya Lamu iliyonakshiwa maua na minyororo, kofia za vito, hina ya bibi harusi na miji ya kanga ni kazi za macho yaliyofunzwa. Msichana mwenye kipaji hakosi mahali pa kukiweka.

Lipo na suala la riziki, ambalo twashuku ndilo hasa lililomkasirisha baba. Mchoraji hana mshahara. Picha yaweza kukaa ukutani miezi bila mnunuzi, na ikiuzwa, jumba la sanaa kwa kawaida huchukua sehemu kubwa ya bei, mara nyingi nusu nzima. Turubai na rangi hununuliwa kabla ya kuuza chochote. Sungi mwenyewe hakuruka gizani: alikuwa na shahada, akafanya kazi benki miaka kadhaa, kisha ndipo akaiacha. Kwa maoni yetu uhasibu haumzuii binti kuchora, na kuchora hakumharibii hesabu. Anayejua kusoma mkataba na kukadiria gharama ana silaha ambayo wachoraji wengi hawana. Na iwapo moyo wake wataka sanaa tu, Chuo Kikuu cha Kenyatta, kilicho kwenye barabara ile ile ya Thika, kina masomo ya sanaa hadi shahada.

Wala asiharakishwe. Lubaina Himid, aliyezaliwa Unguja mwaka 1954 kwa baba Mngazija, akapelekwa Uingereza angali mchanga baada ya baba yake kufariki kwa malaria, alipata tuzo ya Turner mwaka 2017 akiwa na umri wa miaka 63. Alikuwa mwanamke mweusi wa kwanza kuipata. Katika kazi zake amezitumia kanga, na methali zake zikaandikwa humo kama tuzijuavyo sisi, akiwa ughaibuni maisha yake yote.

Kwa mama aliyetueleza haya, tuna pendekezo dogo. Jumamosi moja mpande matatu mshuke mjini, muingie Nyumba ya Kumbukumbu za Taifa, pale kati ya Moi Avenue na barabara ya Tom Mboya. Ndani yake mna mkusanyiko wa marehemu Joseph Murumbi, aliyekuwa makamu wa pili wa rais wa Kenya, ambaye alitumia mali yake na maisha yake kukusanya sanaa za Afrika. Nendeni watatu, na baba awemo. Mwacheni binti atangulie, asimame atakapo, nanyi mumuulize aona nini.