Mbwa wa kuigiza hafundishwi kwa fimbo

Mtazamaji akiona kwenye filamu mbwa amejilaza kando ya maiti ya bwana wake, humwonea huruma. Mbwa mwenyewe hana habari ya msiba. Amefundishwa neno moja, "lala", na macho yake yako kwa mwalimu aliyesimama nyuma ya kamera na kipande cha nyama mkononi.

Kazi hii haijazoeleka kwetu, lakini haihitaji mbwa wa kigeni. Chukua mfano wa Sironga, kule Nyamira, ambako mbwa, esese kwa Kigusii, hulinda boma katikati ya migomba na majani chai. Tamasha za kitaifa za drama za shule siku hizi hushindanisha filamu pia. Wanafunzi wa huko wakitaka mbwa katika filamu yao, huyo wa bomani anatosha, mradi awe amechanjwa dhidi ya kichaa cha mbwa na amezoea watu.

Mafunzo huanza na zawadi. Mwalimu hupiga kidoko cha ulimi, kisha papo hapo humpa mbwa chakula. Baada ya siku chache mbwa anajua kwamba kidoko maana yake ni "umefanya sawa". Halafu huwekewa kibao chini. Akikikanyaga, hupata kidoko na nyama. Kibao hupunguzwa kidogo kidogo mpaka kinabaki kipande ambacho kamera haikioni. Ndivyo anavyojua pa kusimama. Kila somo liwe la dakika chache, na likome mbwa angali na hamu.

Ukali nao ni mchezo. Mbwa anayevutana kamba na mwalimu wake huonyesha meno, na ngurumo ya kutisha huongezwa baadaye filamu inapohaririwa.

Jukwaani ni pagumu zaidi, kwani hakuna kurudia. Kwa hiyo mwigizaji mwenyewe humlisha na kumtembeza mbwa wiki kadhaa kabla ya onyesho, na mbwa huzoeshwa taa, muziki na makofi polepole. Mwaka 1977, mchezo wa muziki Annie ulipofunguliwa Broadway, New York, nafasi ya mbwa Sandy ilishikwa na mbwa aliyetolewa kwenye makao ya mbwa wasio na wenyewe. Aliyemfundisha ni William Berloni.

Je, fimbo? Mbwa aliyepigwa hutii, lakini mkia huufyata na masikio huyalaza, na kamera huona yote. Mbaya zaidi, mbwa mwenye hofu ni mwepesi wa kuuma, na jukwaani pana watoto. Tena sheria ya Kenya, Sura ya 360, inakataza kumpiga mnyama kikatili. Hapa kwetu Mombasa, mbwa wanaonusa pembe za ndovu bandarini hawasukumwi na kiboko; wanatafuta kwa bidii kwa sababu wakipata watapewa mpira wachezee.

Wahenga walisema mbwa wa msasi mkali ni mkali pia. Basi mwalimu wa drama, wa Sironga au wa Pwani, akiona mbwa amekataa tendo fulani, na abadilishe mchezo. Hadithi huandikwa upya kwa jioni moja; imani ya mbwa ikishavunjika, kuirudisha ni kazi ya miezi.