Kabla hujalipia kodi ya STB Emu

Uko Masimba, mechi inaanza saa moja na nusu jioni, na kwenye grupu ya WhatsApp kuna jamaa anauza kodi ya STB Emu: chaneli zote, mwaka mzima, shilingi 500 tu. Ngoja kwanza.

STB Emu ni programu ya Android inayojifanya king'amuzi cha MAG. Yenyewe haina chaneli hata moja. Unachouziwa ni anwani ya seva na namba ya MAC, mara nyingi ile inayoanza na 00:1A:79. Seva ikiitambua namba hiyo, inakuletea orodha ya chaneli. Shida ni kwamba namba moja inaweza kuuzwa kwa watu kumi. Mwingine akiwasha, wewe unakatwa. Na seva inayorusha mpira bila leseni ikifungwa, mwaka wako umeishia wiki ya pili (bando nayo ilishaenda).

Sasa pesa. Jina la mpokeaji likitokea kwa simu, lisome. Kurudishiwa muamala ni kwa aliyekosea namba. Wewe utakuwa umemlipa uliyetaka kumlipa, na hapo kazi ni ngumu. Huduma yenye leseni kwa kawaida huwa na Paybill au Till yenye jina la kampuni, si namba ya mtu. Akikuomba PIN eti "awashe kodi", mblock. Kama ulishampa, badilisha PIN sasa hivi.

Na kama ni habari tu unataka, Citizen na KBC zinashika bure kwa antena.