Tarehe ya Kuzaliwa katika Jalada la Mtumishi wa Umma

Kwa mtumishi wa umma, tarehe ya kuzaliwa ndiyo inayoamua siku ya mshahara wake wa mwisho. Sheria inamruhusu kustaafu kwa hiari akifikisha miaka 55, na inamtaka astaafu kwa lazima akifikisha miaka 60. Mwaka mmoja ukiandikwa kimakosa, ni mishahara 12 inayopotea, au inayolipwa isivyo halali na hatimaye kudaiwa.

Katika Kata ya Ringwani, kama kwingineko mkoani Mara, wengi walizaliwa nyumbani, na wazazi wakaitaja siku hiyo kwa tukio. Mama anayesema mwanawe alizaliwa "wakati wa vita vya Amini" hasemi uongo. Lakini vita hivyo vilianza mwaka 1978 na kumalizika 1979. Mwalimu mkuu aliyemwandikisha mtoto huyo darasa la kwanza alichagua mwaka mmoja, padre au mchungaji pengine akaandika mwingine. Si ajabu, basi, kukuta mtu mmoja ana umri wa aina mbili au tatu.

Utaratibu wa Serikali ni kwamba tarehe aliyoitaja mtumishi mwenyewe alipoajiriwa kwa mara ya kwanza ndiyo itakayotumika hadi mwisho wa utumishi wake. Hapa ndipo wengi wanapojikwaa. Chukulia mtumishi aliyejaza mwaka 1966 alipoajiriwa. Anapokaribia kustaafu anapata cheti kipya cha kuzaliwa chenye mwaka 1969, pamoja na hati ya kiapo. Hata kama cheti hicho kimetolewa kihalali, hakibadilishi alichokijaza. Atastaafu mwaka 2026. Jambo hili ni chungu kwa mwenye ukweli wake, lakini bila kanuni hiyo kila anayekaribia miaka 60 angejipunguzia umri.

Kosa la uandishi ni jambo tofauti kabisa. Ikiwa jalada linaonesha 1968, na aliyeingiza taarifa katika mfumo wa kompyuta wa utumishi na mishahara akaandika 1963, mtumishi ana haki ya kuomba taarifa hiyo irekebishwe, na aombe mapema. Aandike barua kwa Mkurugenzi Mtendaji wa Halmashauri, Mugumu, kupitia kwa mkuu wake wa kazi. Aambatishe nakala ya barua ya ajira ya kwanza, ya fomu ya taarifa binafsi aliyoijaza wakati huo, na ya vyeti alivyoajiriwa navyo. Maofisa utumishi watalinganisha nyaraka hizo na jalada lake. Walimu wana jalada pia katika Tume ya Utumishi wa Walimu, nalo husaidia sana pale karatasi za upande mmoja zinapokosekana. Abaki na nakala ya barua yake iliyogongwa muhuri wa kupokelewa. Mdomo haufungui jalada.

Ikiwa kilichokosewa ni Kitambulisho cha Taifa, ofisi inayohusika ni ya NIDA wilayani. Cheti cha kuzaliwa ni kazi ya RITA, ambayo hapa wilayani hupatikana kupitia ofisi ya Mkuu wa Wilaya. Tofauti kati ya nyaraka hizi isiachwe hadi mwezi wa kustaafu, kwani Mfuko wa PSSSF, ulioanza kazi mwaka 2018, huhitaji taarifa zinazolingana kabla ya kulipa mafao.

Kijana anayeomba ajira sasa anayo nafasi ambayo baba yake hakuipata. Aweke mezani cheti cha kuzaliwa, cheti cha shule na namba ya NIDA, azisome tarehe zote, na arekebishe iliyokosewa kabla ya kutia saini fomu ya ajira. Mzazi mwenye mtoto mchanga naye anatakiwa kisheria kuandikisha kizazi hicho ndani ya siku 90. Mtoto akipita miaka 10 bila kuandikishwa, maombi yake huhitaji idhini ya Msajili Mkuu, na hapo ndipo safari za Mugumu huanza kuwa nyingi.